Mchanga wa Chini ya Makutano

Siwema alipita mbele ya kaunta ya polisi Bariadi na kapu la chakula mkononi. Akawasalimia askari wote mmoja mmoja kwa majina yao, akamruka mmoja tu. Huyo mmoja alikuwa Sajini Kasmiri Ngeleja, mpelelezi, na kurukwa alistahili, maana ndiye aliyemtia mumewe lokapu. Kasmiri akajifanya anatafuta kalamu. Kalamu yenyewe ilikuwa sikioni.

Mume wa Siwema aliitwa Mustapha. Alikuwa muuza mafuta ya taa na sabuni pale sokoni, na tangu serikali iruhusu watu binafsi kununua pamba naye alijitosa, kama walivyojitosa wauza nyama, walimu wastaafu na kila aliyeweza kuazima mizani. Jumanne alasiri jineri ya Nyanda, kiwanda cha kuchambulia pamba nje kidogo ya mji, ilishika moto, na ndani yake akafa binti mmoja mchaguaji, Milembe binti Mboje, mtu wa Sapiwi. Mustapha alikuwepo uani. Alikuwa ameleta pamba ya Migato, imeshashushwa, Nyanda akagoma kuilipa ati ina mchanga. Mustapha akasema mbele ya watu wote, "Mali ya dhuluma huungua!" Muda si muda ikaungua kweli, na mikono yake ilikuwa inanuka mafuta ya taa. Watu walitaka kummaliza palepale. Kasmiri akamwokoa kwa kumfunga pingu, halafu pingu zenyewe zikageuka kesi. Jumatatu alikuwa apelekwe Shinyanga kusomewa shtaka la mauaji, na kila mtu anajua shtaka hilo likithibitika mwisho wake ni kitanzi.

Sasa ilikuwa Jumamosi asubuhi.

"Muuza mafuta ya taa ulitaka anuke nini, marashi?" Siwema alikuwa amemuuliza siku ile ya kwanza, tena mbele ya wakubwa zake. Tangu siku hiyo Kasmiri alikuwa anakula bila hamu na kulala kwa mafungu, kwa sababu moyoni alijua hakumkamata Mustapha kwa ushahidi. Alimkamata kwa kuwa alikuwa karibu, kisha umati ukapiga makofi.

"Luhende," alimwita dereva wake, "washa gari. Tunarudi jineri."

"Kufanya nini tena, afande? Si tulishamaliza?"

"Ndiyo maana tunarudi."

Nyanda, mwenye jineri, walimkuta anazunguka kwenye majivu na kofia yake ya pama, anahesabu hasara kwa sauti. Paa lilikuwa limeanguka upande mmoja. Mashine sita za kuchambua zilisimama mstari mmoja, nyeusi tititi, na wanawake wachaguaji walikuwa wanafagia bila kusemezana.

"Mustapha alisimama wapi?" Kasmiri aliuliza.

"Sajini, mara ngapi? Hapo dirishani. Alitupa moto kwa dirisha hilo."

Kasmiri akaenda mpaka dirishani. Chini yake palikuwa na rundo la pamba linalomfika mtu kiunoni.

"Hili rundo siku ile lilikuwepo?"

"Lilikuwepo."

"Ni pamba?"

"Ebo! Sajini, wewe Msukuma mzima unaniuliza kama hii ni pamba?"

"Nakuuliza kwa nini ni nyeupe."

Pamba hata kaa la sigara hailisamehe. Moto uliotupwa kwa dirisha lile ungeanza na rundo lile, na rundo lile lilikuwa jeupe kama siku liliposhushwa. Siku ile ya Jumanne, Kasmiri alikuwa amesimama palepale akiandika maelezo ya watu, na mgongo wake ulikuwa umelielekea. Aibu ikampanda mpaka masikioni.

Akafuata moto ulikotoka. Kadiri alivyosogea ndani ndivyo chuma kilivyozidi kuungua, mpaka akafika mashine ya tatu, ambako hata boriti ya juu ilikuwa imeliwa. Akapiga magoti. Jineri za kule hutumia gogo lililovikwa ngozi na kisu kirefu cha chuma, ngozi inavuta pamba, kisu kinazuia mbegu. Kisu cha mashine ya tatu kilikuwa na pengo jipya. Chini ya kisu, ndani ya majivu, Kasmiri akaokota vijiwe vya mviringo, vikubwa kama njugu mawe. Kimoja kilikuwa kimepasuka, ndani cheupe pe. Gumegume, lile jiwe ambalo wazee walilifunga kwenye bunduki zao.

Akakishika kile kipande, akakipiga kwa nguvu kwenye mguu wa mashine. Cheche ikaruka. Luhende akaruka nayo.

"Mama yangu! Afande, usituunguze mara ya pili!"

"Umeona?"

"Nimeona."

"Na wewe, Mzee Nyanda, umeona?"

Nyanda alikuwa anaangalia kwingine. "Bima," akasema kwa sauti ya chini, "inalipa moto wa adui. Moto wa mawe hailipi."

"Kwa hiyo ulijua."

"Sikujua! Nilihisi. Kuhisi si kujua." Kisha hasira ikampa nguvu. "Mchanga, mchanga! Kila mtu anatia mchanga, Sajini. Enzi za ushirika mkaguzi alikuwa anazamisha mkono mpaka begani ndani ya pamba, ukiwa na uchafu unarudi nao nyumbani. Sasa ni soko huria. Nikikataa mimi, anapokea mwingine. Wanatia maji, wanatia mchanga, na wiki ile walianza kuleta na mawe. Ndipo nikaamuru kila mkulima pamba yake ije ndani ya furushi lake mwenyewe, nimjue. Nikasema furushi litakalokutwa na mawe, mwenyewe atatangazwa jina gulioni na hatauza tena pamba wilaya hii."

"Na mizani yako?"

"Mizani yangu ina nini?"

"Nauliza tu. Wanasema inakula."

Nyanda akavua kofia, akaipangusa majivu, akaivaa.

Kasmiri akamwita mchaguaji mmoja, Felisita, mwanamke wa makamo aliyefungwa kitambaa mkono wa kushoto. Kazi ya wachaguaji ni kuipekua pamba kabla haijaingia mashineni, watoe majani, vijiti na mawe. Felisita na marehemu Milembe ndio walioilisha mashine ya tatu.

"Dada Felisita, pole na mkono."

"Nimeshapoa, afande."

"Moto ulipoanza, mashine ya tatu ilikuwa inakula pamba ya wapi?"

"Ya Migato." Jibu lilitoka kabla swali halijakauka.

"Furushi la nani?"

"Sikuangalia. Ya Migato."

"Mchaguaji ukae na furushi mbele yako, usiangalie la nani?"

"Afande, mimi naangalia uchafu. Majina ni kazi ya karani." Akainamia ufagio. Karani alikuwa ametimua mbio moto ulipoanza, na makaratasi yake yakawa majivu.

Luhende akamvuta Kasmiri pembeni. "Basi bado ni Mustapha, afande. Asipofungwa kwa moto atafungwa kwa mawe. Si pamba ya Migato ni yake?"

Kasmiri alikuwa ameshafikiri hivyo, na hakupenda. Nyuma ya mashine ya tatu palikuwa na pamba iliyookolewa na maji ya kuzimia moto, imegandamana. Akaitoa nje, akaikung'uta juu ya boneti ya Landrova. Mchanga ukamwagika. Akautandaza kwa kiganja, akauinamia juani. Punje nene nyekundu. Punje nyeusi zinazometa. Vijiwe viwili vya gumegume. Vyote vimechanganyika. Akaukusanya ndani ya kifuko cha karanga.

"Twende mtoni," akasema.

"Mto upi?"

"Yote."

Mwezi wa saba mito ya kule huwa haina maji juu. Ni barabara za mchanga, na maji yanatembea chini yake taratibu. Kasmiri alizaliwa karibu na mto wa namna hiyo. Mwalimu wao wa darasa la tano aliwafundisha kwamba kila kijito cha Bariadi kinaingia Simiyu, Simiyu inaingia ziwani, na kutoka ziwani maji yanapita Uganda na Sudan mpaka Misri, nchi za watu, bila pasi wala ruhusa ya mtu. "Kwa hiyo mkikojoa humu," alisema, "mjue kuna mtoto wa Misri atakunywa." Darasa zima likakimbilia mtoni kumkomoa mtoto wa Misri. Jambo moja Kasmiri alilishika: mto unachukua udongo wa kila unapopita, na ukiunyanyua mchanga wake unaweza kujua umetoka wapi.

Njiani alimtazama Luhende. "Wewe unalima pamba?"

"Kidogo, afande. Ekari tatu."

"Mnatia mchanga?"

Luhende akabadilisha gia pasipo sababu. "Mke wangu ndiye anatia."

"Na wewe?"

"Mimi nashika gunia tu."

Kasmiri akataka kucheka, ikamshinda. Katika wilaya ile mwizi wa mchanga ungempata kwa kufumba macho na kunyoosha kidole. Ndiyo sababu tangu Jumanne hakuna aliyekuwa amesema lolote juu ya mawe. Kila mmoja alikuwa na lake chini ya mkeka, na jina la Mustapha, mtu wa kuja, liliwafaa wote.

Migato walifika jua limepanda. Kijito cha pale huitwa Ng'hanga, kinateremka kutoka vilima vya mashariki. Kasmiri akaingia katikati ya mto, akachimba kwa jembe la gari mpaka mchanga ukawa na unyevu, akaweka konzi moja juu ya kitambaa. Mwekundu. Akasogea mbele, akachimba tena. Mwekundu. Gumegume zilikuwepo, lakini punje nyeusi hata moja hakuiona.

"Mawe si ndiyo haya haya?" Luhende alisema.

"Mawe ndiyo. Mchanga siyo." Akaweka kifuko cha jineri kando ya konzi ile. "Hizi nyeusi ziko wapi hapa?"

Luhende akainama, akakuna kichwa. "Hazipo."

"Basi Felisita amedanganya. Pamba ile haikutoka Migato, na Mustapha hajawahi kununua kijiji kingine."

Alipolisema akasikia kifua kinafunguka, kisha kikafungwa tena upesi. Mtu alikuwa amekula ugali wa lokapu siku nne kwa ajili yake.

Wakaenda Nkoma, upande wa kusini, ambako kijito cha Ilula kinapita katikati ya mbuga za udongo mweusi. Wakulima waliokuwa wanang'oa miti ya pamba wakasimama kuwatazama polisi wakichimba mchanga kama watoto. Huku mchanga ulikuwa laini, wenye punje nyeusi zinazometa, na nyekundu haikuwepo.

"Sasa?" Luhende aliuliza. "Kule nyekundu bila nyeusi, huku nyeusi bila nyekundu. Labda mtu alichukua huku na kule akachanganya."

"Mtu gani atatembea kutwa nzima kuchanganya mchanga wa kuibia?"

"Hakuna."

"Mto ndio umechanganya."

Luhende akapiga paji la uso. "Makutano!"

"Ng'hanga na Ilula vinakutana wapi?"

"Juu kidogo ya Sapiwi, afande." Naye mwenyewe akasikia alichosema. "Sapiwi si ndiko alikozikwa yule binti?"

"Ndiko," Kasmiri alisema. "Endesha."

Chini ya makutano mto ulikuwa mpana kama uwanja wa mnada. Visima vya mchanga vilikuwa vimechimbwa kufuata mkondo, kila nyumba na chake, kila kimoja kimezungushiwa miiba ng'ombe wasikivuruge. Kando ya kila kisima palikuwa na kichuguu cha mchanga uliotolewa ndani. Mchanga wa juu huwa mwepesi, umeshapepetwa na upepo. Mzito wenye changarawe uko chini, na ili kuupata lazima uchimbe. Au ukute mwenzio ameshachimba.

Kasmiri akatembea kutoka kisima hadi kisima. Kichuguu, kichuguu, kichuguu. Akafika kwenye kisima kimoja kilichochimbwa vizuri, kingo zimekandikwa kwa udongo ili zisiporomoke. Kichuguu hakikuwepo, palibaki alama tu na changarawe chache. Akaokota. Nyekundu, nyeusi, gumegume. Akaweka kifuko cha jineri kando yake, Luhende akainama kulinganisha.

Mama mmoja alikuwa anachota kwa kibuyu kwenye kisima cha jirani.

"Mwadila, mayu," Kasmiri alimwamkia kwa Kisukuma.

"Mwadila, baba. Mhola?"

"Mhola. Mayu, hiki kisima cha nani?"

"Cha kwa Mboje."

"Nani alikichimba?"

Kibuyu kikasimama hewani. "Marehemu. Milembe ndiye aliyekuwa anachimba kwao, mama yao mgonjwa. Alikuja siku yake ya mapumziko akachimba mpaka maji yakatoka."

"Na mchanga alioutoa uko wapi?"

Yule mama akajaza ndoo, akapanga ngata kichwani polepole. "Baba, mimi nimekuja kuchota maji," akasema, akaondoka.

Kasmiri akabaki amechuchumaa. Angekuwa na hiari angeurudisha mchanga ule chini, aufukie, apande gari. Kuna kesi ambazo ukizifumbua unatamani uwe mjinga. Lakini kulikuwa na mtu lokapu, na Jumatatu haikuwa mbali.

Nyumbani kwa Mboje msiba haukuwa umeanuliwa. Wanaume walikaa chini ya turubai, wanawake jikoni. Mzee Mboje mwenyewe alikuwa kwenye kigoda, mwembamba, mikono ameiweka magotini, na kando yake alikaa mkuu wa sungusungu wa kijiji, jitu la miraba minne, akizungumza kwa niaba yake.

"Karibu, afande! Jumatatu tutakuwa Shinyanga, kijiji kizima. Tunataka tumwone huyo Mustapha akilia kama alivyotuliza sisi."

"Nitawakuta," Kasmiri alijibu upesi tu, kwa kuwa macho yake yalikuwa yamemwona Felisita anatoka jikoni na sufuria. Alikuwa ametangulia kwa lori kuja kuwasaidia wafiwa. Alipomwona mpelelezi alitaka kurudi ndani. Kasmiri akamfuata mpaka nyuma ya ghala la mahindi.

"Dada, nimetoka Migato. Mchanga wa mashine ya tatu si wa kule."

Felisita akatua sufuria chini.

"Nimetoka pia kisimani kwa Mboje," Kasmiri akaendelea. "Sasa niambie, au nenda wewe mwenyewe kwa Siwema umwambie kwa nini mumewe anyongwe."

Machozi yakamtoka yule mwanamke kabla ya maneno. "Nilitaka kusema tangu Jumatano, afande. Wallahi tena, mimi Mkristo naapa, kila siku naamka nikisema leo."

"Sema leo."

"Tulikuwa tunachagua. Karani amesimama juu yetu, maana mzee Nyanda alisema furushi lenye mawe litangazwe. Likaja furushi. Milembe akalitazama, akashtuka. Akatia mkono, akatoa jiwe. Hakulitupa kule tunakotupa. Akalifunga kwenye kanga yake. Akatoa lingine, akalificha. Nikamwuliza kwa macho, akanitikisia kichwa." Akajifuta kwa kitambaa cha mkono. "Karani akageuka kumsikiliza Mustapha anavyogombana dirishani. Milembe akaninong'oneza, 'Dada, ni la baba. Watamtangaza gulioni, atakufa kwa aibu.' Akalibeba furushi zima, akaliingiza mashineni haraka haraka kabla karani hajageuka. Hakulipekua. Mimi nikamwachia. Nikasogea pembeni, afande, ndiyo maana mimi niko hapa."

"Na Migato?"

"Ulipouliza, mdomo ulisema wenyewe. Nikaona akishakufa kwa kumficha baba yake, mimi nimfichue? Basi nikamtupia Mustapha." Akaketi chini kwenye vumbi. "Mungu anisamehe."

Maneno ya kumkemea Kasmiri aliyatafuta, akakuta yote yanamhusu yeye kwanza, maana alimtupia Mustapha kabla ya Felisita. Akamwambia tu ainuke, ataandika maelezo mapya jioni.

Akamwita Mboje faragha, uani kwa zizi. Mzee akamsikiliza akiwa amesimama. Kasmiri akamfungulia kiganja na kile kipande cha gumegume, akamweleza kisu, cheche, mchanga wa makutano, kisima. Habari za wachaguaji akaziruka.

Mboje alilipapasa jiwe kwa kidole.

"Mizani ya Nyanda inakula," akasema hatimaye, taratibu, na Kiswahili chake kilikuwa cha mtu anayekitafuta. "Mwaka jana nilitoa pamba safi, akaandika fifi, daraja la pili. Nikasema mwaka huu nami nitakula kwake. Mchanga ulikuwa pale, umeshachimbwa. Nilichota usiku nikamwagia, sikuchekecha. Macho yangu hayaoni vizuri. Tangu nilipoambiwa jineri imeungua nimekuwa nikisema, Mungu, isiwe yangu. Wakasema Mustapha. Nikamshukuru Mungu. Mimi, mzee mzima, nikamshukuru Mungu kwamba ni Mustapha."

Kasmiri akakitia kile kipande mfukoni.

"Nikuulize moja, ng'wanawane, mwanangu. Milembe alijua furushi ni langu?"

Sajini Kasmiri alikuwa amewabana watu kumi na moja katika kesi ile wamwambie ukweli. Sasa akautazama uso ule, akashindwa.

"Hapana, baba. Mafurushi yalikuwa mengi. Lilipita tu."

Mboje akamtazama kwa huruma, kama baba anavyomtazama mtoto anayeongopa vibaya.

"Furushi lile alilishona yeye," akasema. "Kwa shuka lake la shule."

Akageuka, akatembea kuelekea turubai. Kasmiri akamfuata, asijue mzee anataka kufanya nini. Mboje hakukaa kwenye kigoda. Akasimama katikati ya wanaume, akavua kofia.

"Ndugu zangu," akasema, "aliyemuua Milembe amepatikana."

Mkuu wa sungusungu akainuka na rungu lake. "Si Mustapha?"

"Si Mustapha."

"Ni nani huyo? Taja jina, baba, tumfuate sasa hivi!"

"Ni mimi. Nilitia mawe katika pamba. Mawe yakapiga kisu, mwanangu akaungua akinificha nisiaibike."

Kelele aliyoitegemea Kasmiri haikutokea. Alikuwa ameshaweka mkono kwenye mkanda, tayari kumlinda mzee kama alivyomlinda Mustapha, lakini hakuna aliyesogea. Watu waliangalia miguu yao. Mmoja akakohoa. Luhende, aliyesimama kwenye gari, alikuwa anafuta kioo kisafi. Mkuu wa sungusungu alibaki na rungu juu, kisha akaliteremsha, akaliegemeza kwenye nguzo ya turubai. Naye alikuwa amepeleka mafurushi sita wiki ile ile, na majirani zake wote walijua yalikuwa mazito kiasi gani.

Hakuna aliyemlaumu Mboje hata kwa neno. Nafikiri lawama moja ingemsaidia.

Akamgeukia Kasmiri, akanyoosha mikono yote miwili, viganja vimetazama juu. "Nifunge."

"Baba, weka mikono chini."

"Mustapha ulimfunga kwa neno tu. Mimi nimekiri. Nifunge."

"Nitakuandikisha maelezo ili Mustapha atoke leo hii. Lakini kutia mchanga kwenye pamba…" Kasmiri akateremsha sauti, akiona haya kwa ajili ya sheria yenyewe. "Kosa hilo ni faini, baba. Utalipa, utarudi nyumbani."

"Faini?"

"Faini."

"Kwa Milembe?"

"Kwa pamba. Kwa Milembe sheria haina neno. Hukukusudia."

Mikono ya mzee ikabaki hewani. "Basi mimi nani atanifunga?" akauliza, na hakuwa anamwuliza Kasmiri peke yake. Alikuwa anawauliza wote chini ya turubai.

Kasmiri akamshika kiwiko, akamwongoza mpaka garini, akamfungulia mlango wa mbele, akapangusa kiti kwa mkono kama anavyofanyiwa mzazi. Mboje akautazama mlango ule. Akazunguka nyuma ya Landrova, kwenye bodi wanakopakiwa watuhumiwa, akapanda mwenyewe kwa taabu, akakaa sakafuni, akangoja waondoke.